Ufa wa Mlimani na Kitovu cha Mjukuu

Jumanne, 8 Aprili 2025

Umerudi? Ulikuwa wapi, wewe Stefania? Tangu Krismasi hujafungua daftari hili hata kufukuza mende! Shule hukwenda, herufi umezipata ukubwani, kisomo cha watu wazima, mtoto mgongoni — ukiziacha zinakukimbia kama kuku wa kununua. Haya, kaa. Shika kalamu. Na leo usiseme huna la kuandika.

Ardhi imetikisika.

Mchana. Nilikuwa nyuma ya nyumba napepeta mchele. Nikasikia ngurumo, siyo masikioni, miguuni. Nikadhani treni. Lakini treni unaisikia kwa mbali kwanza, ndiyo inakuja. Hii ilikuja yote kwa pamoja. Ungo ukaniruka. Masufuria yakagongana kichanjani. Mbega huko msituni kimya — halafu wote kelele! Nikatoka mbio mpaka barabara ya lami, na goti hili. Nilipofika pale ndipo nikakumbuka.

Mbuke yumo ndani na mtoto.

Mbuke, mke wa mwanangu Anselim. Msukuma, mrefu, maneno yake ya kuhesabu. Amejifungua Jumamosi, mtoto wa kike, mzito kama tikiti. Nilirudi sijui kwa miguu ya nani. Nikamkuta amekaa kitandani, mtoto kifuani, vumbi la ukuta limewapaka kichwani wote wawili. Mbona hukutoka, wewe! Akanijibu polepole: Mama, ulisema mtoto asitoke nje mpaka kitovu kikatike.

Kweli nilisema. Ndivyo tulivyolelewa hapa kwetu. Kitovu kikatike, kizikwe, ndipo mtoto aone jua. Nikaongeza na langu: hata iweje. Yeye akashika hilo la hata iweje.

Ukuta wa chumba chao umepasuka, mkono wangu unaingia. Nikakaa sakafuni nikacheka kama mwehu. Wazima! Wote wawili wazima.

Jumatano, 9 Aprili

Anselim amepanda mlimani asubuhi. Amerudi hana rangi. Juu ya migomba yangu ardhi imechanika. Ufa unaanzia kwenye mti wa mvule unakwenda mpaka karibu na korongo. Ameutupia jiwe, hakusikia likifika.

Wanaume wakafanya wanachokijua. Pumba! Hapa Mkula kila kitu ni pumba za mpunga. Matope mlangoni, pumba. Kuchoma matofali, pumba. Choo kinanuka, pumba. Mwanabaraka mwenye mashine ya kukoboa amewaambia bebeni, bebeni mpaka mchoke, mtakuwa mmenipunguzia mlima wangu. Wamejaza ufa, wakakanyagia, wakarudi wanajisifu. Anselim anasema mama, tumeuziba.

Jioni mvua. Kitovu bado.

Alhamisi, 10 Aprili

Ameletwa mtaalamu wa miamba. Nilitegemea mzee mwenye miwani. Kumbe binti! Gladness anaitwa, suruali, buti, nyundo kiunoni. Shikamoo bibi — angalau hiyo anayo. Nikampa ubwabwa na perege kabla hajasema shida yake. Mtu mwembamba hivyo atapimaje mlima?

Akapanda na Anselim. Nikasikia kelele yake mpaka huku chini. Nani kamwaga pumba humu! Alikuwa anataka kuona ufa una kina gani, maji yanaingiaje, sasa anaona godoro. Anselim ananywea. Nami nikapiga kelele kutoka chini: mwache mwanangu, ufa usiozibwa ni wa mtu asiye na jirani!

Akarudi, akaona jiwe langu la kuanikia mpunga. Lile pana, laini, lenye michirizi. Akapiga magoti. Akalipapasa kama mtu anapapasa ndama. Bibi, anasema, hapa ndipo mlima ulipojikwangua! Mimi miaka yote naona limepigwa randa na Mungu kwa ajili ya mpunga wangu.

Nikamwambia nieleze kwa maneno ya watu. Akaomba sabuni ya mche na kisu. Akaikata mshazari, akailowesha, akavibana vipande pamoja. Kipande kimoja kikateleza chini, kingine kikabaki juu. Anasema kilichobaki juu ndiyo Udzungwa, ndiyo maana umesimama wima namna hii kama umekatwa. Kilichoteleza ndiyo bonde letu lote, mpaka Ifakara, mpaka mtoni na ng'ambo Lupiro. Mlima unamomonyoka, mito inabeba, bonde linajazwa. Mpunga wetu unaota kwenye mlima uliosagwa! Na bado kinateleza? Bado, bibi. Kidogo kidogo, kama kucha inavyoota. Siku nyingine kinakwama, halafu kinaachia, ndiyo Jumanne.

Umeniharibia sabuni, nikamwambia. Lakini nimeelewa.

Kisha akaja na lile nililokuwa naliogopa. Huo ufa wa juu siyo ule mkubwa wa sabuni, ni udongo tu uliolegezwa na mtikisiko, ila mvua ikiingia unaweza kushuka na nyumba. Tutoke. Leo au kesho. Nikasema mtoto hatoki, kitovu bado. Akashika kiuno. Bibi, mlima hausubiri kitovu.

Niliingia ndani kumwangalia mtoto. Kitovu kimekauka, cheusi, kimeshika kwa uzi tu. Nesi alisema tusipake kitu, tusivute. Hatuvuti. Lakini Mungu anisamehe, nilikitazama kwa hasira.

Jioni amefika Minza, mama yake Mbuke, kutoka Lupiro. Bodaboda nyuma, dumu la maziwa mgando mapajani. Kuona ukuta akapiga ukunga. Mkwe, mnaishi chini ya mlima unaotapika! Twende kwangu, kwetu tambarare, hakuna kinachoanguka. Nikamwambia kwenu hakianguki, kinazama. Mwaka jana mlipika juu ya kitanda, au umesahau? Tukacheka. Halafu hatukucheka tena, mvua ilianza.

Ijumaa, 11 Aprili

Tumetoka!

Asubuhi maji yalikuwa yanapita mlangoni rangi ya chai ya maziwa. Mbuke ananitazama. Nikajua kama nisiposema mimi, huyu atakaa humu mpaka udongo umfike shingoni, kwa sababu ya mdomo wangu.

Basi nikawaza. Mtoto asitoke nje. Nje ni nini? Ni pale ambapo huna paa. Nikachukua mkeka mkubwa. Anselim shika huku, Minza shika kule, na wewe binti wa nyundo shika pembe hiyo, na mimi hii. Mbuke na mtoto katikati. Paa linatembea, mtoto yuko ndani! Gladness alicheka mpaka akajikwaa. Minza naye hakunyamaza njia nzima: mkwe, paa lako linavuja! Mkwe, nyumba yako ina miguu minane na hakuna inayokubaliana! Barabarani pikipiki zikasimama, watu wakadhani msiba. Nikawaambia piteni, piteni, tunahama tu.

Tukafika kwenye ghala la Mwanabaraka. Yeye ni mtu wa pwani, maneno yake yana ubani. Alitutazama tunaingia na mkeka kichwani. Bi Stefania, paa mmekuja nalo, mie niwape nini? Nikasema kuta. Akatupa kuta, na birika la tangawizi juu yake.

Mtoto hakuamka hata mara moja.

Jumapili, 13 Aprili

Jumapili ya Matawi. Sikwenda kanisani, nilikwenda kufua nepi. Mungu anajua kipi kilinuka zaidi, nepi au dhambi zangu.

Kisima cha karibu kimechafuka toka Jumanne, nikaenda mpaka kule korongoni. Nimeinama, nasuuza — naona pumba. Zinaelea. Nikadhani kuna mtu anamwaga juu. Hakuna mtu. Zinatoka katikati ya mawe, chini ya genge la mlima, maji yanazitema kama chungu kinachochemka. Pumba za Mwanabaraka! Zimeingia kule juu ya migomba zimetokea huku!

Nikaacha nepi zote. Gladness alikuwa anapigilia vigingi vya kamba zake za kupimia kando ya nyumba. Nikamvuta mkono. Alipoona, akakaa juu ya jiwe, akafunika uso. Nikadhani analia. Anacheka! Anasema kama mvua ya juzi inapita humu, basi maji ya ufa yanakimbilia korongoni, hayapiti chini ya nyumba. Kitakachoshuka huenda kikashukia upande huu. Anselim akasema unaona, pumba zetu zimekusaidia. Gladness akamwambia usirudie tena, kaka, ila asante.

Huenda, amesema. Siyo hakika. Tubaki ghalani.

Kitovu bado. Minza anasema mjukuu wetu mbishi kama bibi yake. Nikauliza yupi. Akageuka kutafuta dumu lake la maziwa.

Jumatatu, 14 Aprili

Mvua. Mvua. Mvua.

Jumanne, 15 Aprili

Umeshuka.

Tulikuwa tunakunywa uji. Sauti kama lori linamwaga kokoto, lakini lori lisiloisha. Vumbi hakuna, ni matope, na harufu ya mizizi mibichi. Tulipofika, pale palipokuwa na migomba yangu pana kidonda chekundu kwenye mlima. Udongo wote, mawe, mvule na mizizi yake juu — vyote korongoni. Korongo limejaa.

Nyumba imesimama!

Nimeizunguka. Nimeigusa kila kona. Ukuta wa chumba una ufa uleule wa zamani, haukuongezeka hata unene wa kidole. Kuku wangu mwekundu yuko juu ya paa anatuuliza tulikuwa wapi. Hakuna aliyekufa, hakuna aliyeumia, kijiji kizima. Minza amenikumbatia tukazunguka kama wasichana, yeye anaimba Kisukuma, mimi naitikia nisichokijua. Anselim amekaa chini na kofia mkononi.

Nikamuuliza una nini tena, si tumepona? Akasema mama, kitovu changu mlikizika pale kwenye migomba. Kimehama.

Sikuwa nimefikiria hilo. Nikampiga kibao cha mgongo, nikamwambia basi wewe ni wa korongoni sasa. Akacheka. Na mimi nikacheka. Lakini nilitazama korongo tena.

Alhamisi, 17 Aprili

Kimekatika! Mbuke alikuwa anambadilisha nepi, kikabaki kwenye kitambaa. Kidogo kama punje ya mpunga iliyoungua. Nimekifunga pembeni ya khanga yangu. Jioni kila mtu ana neno.

Anselim anataka nyumbani, mtoto azikiwe kitovu pale kilipozikwa cha baba yake. Nikamuuliza pale wapi, mwanangu, pale palipokwenda? Minza anataka Lupiro, penye zizi la ng'ombe wa mumewe. Nikasema mto ukihama je, maana mimi nimeuona Kilombero ukiacha njia na kuchimba nyingine, watu wa Mofu waulizwe. Akasema basi wewe unataka wapi? Mimi nataka chini ya lile jiwe langu la mpunga. Jiwe lile halikusogea hata kidogo.

Tukamuuliza Gladness, yeye si ana vipimo. Wapi hapa pasipotembea? Akakuna kichwa. Anasema hakuna, bibi. Jiwe lako limekwanguka kwa sababu mlima umelipitia. Bonde lote linashuka, mito inahama, mlima unabomoka. Ila ni taratibu sana, mtoto atazeeka kabla hajaona tofauti. Unakaa kwa kujua, unajenga mbali na korongo, unafunga nguzo vizuri, na ardhi ikitikisika — akamwangalia Mbuke — unatoka nje.

Hata iweje, nikasema mimi. Nimelisema kwa sauti, mbele ya wote. Nimeona Mbuke ameinamisha kichwa, anatabasamu.

Jumamosi, 19 Aprili

Naandika haraka. Mvua imekata, jua kali, mlima umeoshwa unang'aa mpaka kileleni. Kesho Pasaka. Leo mtoto anatoka nje, bila mkeka.

Asubuhi tulianza tena. Anselim migomba, Minza Lupiro, mimi jiwe. Mwanabaraka akapita na birika, akatushauri tukizike ghalani kwake mtoto arithi mashine. Tukawa tunapigiana kelele juu ya kitu kidogo kama punje.

Mbuke akaweka mtoto begani. Akasema mama. Hakupaza sauti. Akasema siku ile nilikaa ndani kwa sababu wewe ulisema. Leo naomba niseme mimi.

Minza akafungua mdomo kumjibu mwanawe, nikamkanyaga mguu. Nikafungua fundo la khanga yangu. Nikampa.

Hakusema ni wapi. Amejifunga mtoto mgongoni, uso wa mtoto umelipata jua, amepiga chafya! Mbuke amesimama pale njia inapogawanyika, huku mlimani, huku barabarani, huku mashambani. Anaangalia kila upande bila haraka. Anselim anataka kumwelekeza, anajizuia, naona shingo yake. Mimi nimekimbia ndani kuchukua jembe na nimekushika wewe daftari kwanza. Minza ananiita, mkwe, umeshika jembe au kalamu?

Ameanza kutembea.

Ukirudi hapa, Stefania, andika mahali alipopachagua Mbuke. Usiandike ulipopataka wewe.