Mbuzi wa Taya

Kasese, 4 Machi 2024

Shemeji Ruben,

Salamu kutoka huku kwenye joto. Dada yangu Eseri na watoto hawajambo? Mimi mwili ni mzima, ila roho inachemka.

Jina langu lilikuwa limeshapita niwe sajini hapa gerezani. Sasa limezuiwa. Mfungwa mmoja, Blasio wa Nyakiyumbu, alivunjwa taya kwa fimbo, meno yakabaki kwenye matuta ya pamba, shambani mwa gereza. Aliyempiga ni koplo mwenzangu Crispus, kwa nyuma, eti kwa sababu jamaa alisimama kunyoosha mgongo. Nilimnyang'anya Crispus fimbo asije akaua. Blasio alipofumbua macho, akaniona mimi ndiye niliyeishika, akanitaja. Basi nina kesi ya nidhamu, na mwenye kesi hapandishwi cheo. Crispus anaitaka nafasi hiyo hiyo.

Nyakiyumbu si mbali na kwako. Wapelekee wazazi wake mbuzi wa pole, walainike, waiambie kamati ya nidhamu hawana neno nami.

Shemeji yako,
Masereka

Bwera, 11 Machi

Shemeji,

Tuko salama, mvua tele, Eseri anakohoa kidogo. Kabla sijamfunga mbuzi kamba nakuuliza: umesahau mbuzi anasema nini mbele ya wazee? Asiye na kosa hapeleki mbuzi. Eseri anasema tuache.

Shemeji yako,
Ruben

Kasese, 14 Machi

Shemeji,

Mpe dada pole ya kikohozi. Mbuzi mpeleke. Kamati inakaa mjini na sheria zake, mambo ya mbuzi haiyajui.

Masereka, shemeji yako

Bwera, 20 Machi

Shemeji,

Kikohozi kimepoa. Mbuzi nimempeleka. Mzee Kathembo, baba yake Blasio, alimchinja papo hapo. Blasio amemaliza kifungo, yuko nyumbani, taya limefungwa waya, anakunywa uji kwa mrija. Alikuwa akitutazama tukitafuna nyama, nami nikaona aibu. Mzee akasema, "Sisi shamaliza. Masereka iko mutoto yetu sasa. Mimi mwenyewe nitaenda Kasese."

Shemeji yako,
Ruben

Kasese, 2 Mei

Ruben,

Leo salamu sina. Mzee alikuja kweli, kwa moyo mweupe, akasimama mbele ya kamati. "Huyu tulimusamehe. Alileta mbuzi, tukakula." Mwenyekiti akamuuliza mbuzi wa nini. "Ya taya," akajibu.

Wakafunga faili. Nimevuliwa tepe zangu, na cheo nisahau. Crispus ameshonewa tepe tatu za sajini. Kila asubuhi ananisimamisha juani nimpigie saluti, huku anacheka. Ninaota damu yake, shemeji.

Masereka

Bwera, 6 Mei

Shemeji,

Eseri amelia, kisha amenigombeza mimi niliyemshika yule mbuzi. Tunakusihi, usimguse. Omba uhamisho. Kazi ni kazi hata bila tepe.

Shemeji yako,
Ruben

Bwera, 27 Mei

Shemeji,

Hujajibu. Mtu wa boda boda ametuambia umefungwa humo humo ulimokuwa ukilinda, na Crispus yuko hospitali, taya limevunjika. Eseri hali chakula. Mimi nasema labda wamekusingizia tena. Ndugu zake Crispus wako Kisinga. Mbuzi tumeshamfunga mlangoni, lakini safari hii sitoki mpaka neno litoke kwako. Nimpeleke?

Shemeji yako,
Ruben

Kasese, 30 Mei

Shemeji yangu Ruben,

Mwambie dada ale, mimi ni mzima. Mlinzi mmoja amekubali kunitolea barua hii.

Tulikuwa shambani. Mfungwa aliomba maji. Crispus akanitupia fimbo. "Piga! Si wewe iko fundi ya taya?" Nikapiga, lakini nilimpiga yeye. Alipoanguka nikampiga tena. Nilisikia mfupa ukivunjika na sikuacha, mpaka wafungwa wenyewe waliponishika mikono. Nilifurahi, shemeji, na furaha ile bado inanitisha.

Mpeleke. Mbuzi huyu ni wangu.

Shemeji yako,
Masereka