Betri za Mnara wa Kwetu

Kwako Mjomba,

Shikamoo. Mama hajambo, anauliza kama huko mliko kuna baridi.

Picha za shirika letu la simu likizindua tawi la ng'ambo zimebandikwa mapokezi. Suti imekukaa. Wenzangu wananitania, "Karani wa stoo, mjomba wako sasa ni wa kimataifa." Nilicheka nao mpaka nilipoziona betri zilizo nyuma yako. Namba zile nyekundu nilizipaka mimi. Ni betri za mnara wa simu wa kwetu.

Kumbe ndiyo maana ulinitaka nijaze fomu kwamba ziliungua.

Kazi hii ulinipatia wewe, na naogopa kuipoteza, lakini hasira zimeizidi hofu. Tangu zing'olewe, umeme ukikatika kwetu, simu nazo zinakatika. Mwezi uliopita dada alishikwa na uchungu katika giza hilo. Mama alimpigia mkunga mara nane, simu haikuita. Mtoto hakulia hata mara moja. Wewe ukatuma rambirambi, ukasema ni mipango ya Mungu.

Meneja amesema nisiposaini fomu hiyo, nifungashe virago. Leo asubuhi nimesaini, ila nimeandika hivi: betri nzima, zimepelekwa nje kwa agizo la mjomba wangu. Nakala yako ni hii.

Mama bado hajui kwa nini simu haikuita. Huyo ni dada yako, njoo umwambie mwenyewe. Usijaribu kumpigia, hutampata.

Ni mimi, mpwa wako.