Mawe Tisa ya Kilimani

Malaba, 14 Juni 1964
Asubuhi ukungu, baadaye jua.

Kwa kaka yangu Omagor,

Yoga, nakusalimu kwa lugha ya kwetu. Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe na lori lako. Sisi hatujambo, ila magoti ya mama yanamsumbua kila ikinyesha.

Ile kampuni ya barabara iliyoniajiri ukarani imefika kilimani. Wanatafuta kokoto, na wameyaona yale mawe tisa yaliyosimama kwa duara. Ijumaa nilitumwa kuyapima na kuyaandika namba kwa rangi nyeupe. Nyapara, Bwana Kariuki, aliniuliza ni nani aliyeyasimamisha. Nikamwambia ni watu waliokuwa hapa kabla yetu sote, na jina lao hakuna anayelijua. Nikamweleza na kazi ya mawe yenyewe: unataja jina la mtu aliye mbali, unagonga, akiwa hai jiwe linavuma, akiwa amekufa linanyamaza. Akacheka.

"Basi karani, tugongee injinia, tujue kama yu hai. Wiki ya pili hii hatujamwona."

Sikumwambia kwamba baba alipofia Nakuru, jiwe lilinyamaza siku nne kabla ya simu kufika.

Leo baada ya kanisa mama aligonga lile lake, namba tano, akataja jina lako. Lilivuma mpaka ng'ombe wa jirani yetu Apeduno wakainua vichwa. Ndipo akakubali kula.

Andika upesi. Redio inasema Kongo kuna vita.

Dada yako,
Adeke


Mbarara, 9 Julai 1964

Dada Adeke,

Salamu nyingi kwako na kwa mama. Mimi mzima, ni vumbi tu la kifuani. Tumepakia chumvi na mabati, kesho kutwa tunavuka kwenda Kongo. Madereva wawili wamekataa safari. Tajiri amesema anayekataa aache funguo mezani, na mimi sikuziacha.

Habari ya mawe, wewe ndiye mwenye kalamu. Fanya ufanyavyo, jiwe la mama lisiguswe. Unajua mimi si mtu wa kuandika; lile jiwe ndilo linaloniandikia. Mwambie mwisho wa Agosti niko nyumbani.

Kaka yako,
Omagor


Malaba, 23 Agosti 1964
Mvua tangu alfajiri.

Kaka yangu,

Hujambo? Safari hii nauliza kweli.

Nilifanya ulivyosema. Niliandika kwa mkono wangu, "Namba tano liachwe," na injinia akatia sahihi. Manane yakapasuliwa kwa baruti. Nilijiona hodari.

Jumapili iliyofuata mama aligonga, akataja jina lako. Kimya. Akagonga mara ya pili, na ya tatu. Akakaa chini, akavua kitambaa chake cha kichwa.

Jumatatu nilikwenda peke yangu na daftari. Nilitaja jina la Apeduno, huku namwona akipalilia shambani kwake. Kimya. Nikataja langu. Kimya. Nilitaja majina kumi na mawili ya watu walio hai, jiwe halikutoa sauti hata moja. Sauti ilikuwa ya mawe yaliyo pamoja, kaka, na mimi niliacha moja peke yake.

Nilimsomea mama daftari lote. Alisikiliza mpaka mwisho.

"Wewe umesoma, Adeke," akasema. "Mimi nimegonga."

Juzi wazee wamezika shina la mgomba badala ya mwili wako, kando ya kaburi la baba. Waliniuliza urefu wako ili walikate sawa. Niliwaambia.

Njoo. Au andika mstari mmoja, nimsomee.

Dada yako,
Adeke


Malaba, 11 Oktoba 1964
Asubuhi baridi, mawingu mazito.

Kaka Omagor,

Natumaini u mzima. Tajiri wako amenijibu kwamba lori lilivuka kuingia Kongo na halijarudi, na zaidi ya hapo hajui.

Mama ametutoka tarehe ishirini na nane mwezi uliopita. Daktari hakuona ugonjwa. Siku moja alipanda kilimani peke yake, akataja jina lake mwenyewe, akagonga. Apeduno alimkuta ameketi pale.

"Kumbe na mimi nilishakufa," mama alimwambia kwa upole, "na hamkuniambia."

Akarudi akalala, hakula tena. Nilimshika mkono nikamwambia, mama, mkono wako una joto. Akasema ndiyo, lakini jiwe halijawahi kusema uongo. Alikaa hivyo siku kumi na moja.

Kokoto za yale manane zimelazwa barabarani, kipande kimoja tu, pale chini ya soko. Madereva wanasema panavuma. Leo baada ya kanisa nilikwenda na Apeduno, na daftari. Lori la kwanza lilipopita nilitaja jina la Apeduno: ardhi ikavuma chini ya miguu yetu, sauti ile ile. La pili, nikamtaja mama: magurudumu tu. La tatu, Apeduno tena: ikavuma. La nne, baba: magurudumu tu.

Lori la tano likatokea mpakani. Apeduno akaniangalia.

"Haya, mtaje."

Nilifunga daftari. Lori likapita.

Niandikie wewe mwenyewe, kaka. Mstari mmoja unatosha.

Dada yako,
Adeke

Naongeza asubuhi kabla ya kwenda posta: kutoka kitandani malori yanasikika yakipita pale. Usiku yalipita kumi na moja, sikutaja jina. Nililala saa tisa kasoro robo.