Jina la Mama Kwenye Faili la Bomba

Jamhuri, Nairobi
Jumanne

Mama mpendwa,

Pokea salamu zangu, na za dada Ciru na wanawe. Mguu wa bibi, shosho wetu, unaendeleaje? Sisi huku afya ipo, ila kichwa changu hakijatulia wiki hii. Barua hii nampa Debra wa kitalu jirani, anayesafiri kuja huko, maana kwenye simu ningebabaika.

Jambo lenyewe ni kitalu chetu cha miche. Alhamisi iliyopita mafundi walikuja na chokaa, wakachora mstari mweupe kando ya Ngong Road kutoka maduka ya Adams hadi kwetu. Walisema bomba kubwa la maji litapita hapo, na kuchimba kutaanza Jumatatu ijayo. Miche ya kwenye makopo naweza kuibeba. Lakini mstari umepita kwenye shina la mparachichi wako, ule unaoukata vikonyo vya kupandikizia miaka kumi na miwili sasa, na huo hauhamishiki.

Niliwauliza ruhusa wamepewa na nani, wakasema watu wa barabara. Nikaenda kwa watu wa barabara, wakaniambia wao hawasemi lolote kabla kaunti haijakubali. Nikashuka mjini kwa kaunti. Karani mmoja, Bwana Mwau, mpole kweli, akaniambia kaunti nayo haikubali hivi hivi, lazima kwanza wenye vitalu na vibanda wakubali. Sasa Mama, wenye vitalu si ndio sisi? Nimemaliza soli za viatu nikimtafuta aliyekubali, kumbe natafutwa mimi.

Bwana Mwau akafungua faili. Ndani yake mlikuwa na barua ya kampuni ya bomba na karatasi yenye majina thelathini na moja. Niliijua mara moja. Ni ile tuliyozungushiwa Machi kwenye ukumbi wa kanisa, tulipopewa soda na mkate. Maandishi ya juu hakuna aliyeyasoma. Sote tulidhani ni ya mahudhurio tu, kumbe yanasema tumekubali bomba lipite.

Mama, nisamehe. Wakati huo ulikuwa umeshaenda kwa shosho. Niliona kila kitalu kina jina, nikaogopa kwamba usipoandikwa watasema huna chako pale. Nikakuandika namba tisa, nikatia na sahihi yako, ileile niliyokuwa nikiiga kwenye ripoti za shule ukidhani mwalimu ndiye aliyezipoteza. Bwana Mwau aliweka kidole hapo, akaniuliza kama namjua huyu Hannah. Nilisema simjui.

Tangu hapo sijielewi. Nikisema sahihi si yako, jina litafutwa, uwe kama mtu ambaye hajawahi kuwa na kitalu. Nikinyamaza, basi umekubali. Bwana Mwau anasema mstari unaweza kusogezwa kukiwa na pingamizi, lakini mwisho ni Ijumaa, na mwenye jina afike mwenyewe. Tafadhali rudi na Debra Alhamisi. Mimi kesho nitatangulia kwa Bwana Mwau, nimwambie wewe ni mama yangu.

Mparachichi nimeumwagilia asubuhi, sijui hata kwa nini, na mvua ilinyesha jana. Msalimie shosho, umwambie avumilie dawa. Ukifika unigombeze utakavyo, bora ufike.

Mwanao, na sahihi hii ni yangu,
Mbuthia