Unga Mkavu wa Nyaboth

Stéphanie,

Nimeenda kwenye foleni ya kuni. Maharagwe yako motoni, yasiungue. ~~Mtu akija kuomba moto, mwambie umezimika.~~ Hapana, huo mstari nimeufuta, usiufuate.

Hapa kambini Kakuma hatutoki bila kibali, na humu ndani sipumui. Kila asubuhi ni "Mama Moto, nigawie kaa!" Nimechoka kuwa jiko la watu wote, mwanangu. Leo jirani yetu Nyaboth alipopiga hodi, nilijibanza nyuma ya mlango. Akadhani naumwa. Akasema, "Pole, mama," akaniachia unga wa uji mlangoni.

Unga mkavu. Angeupikaje, na moto uko kwangu?

Upike uji sasa hivi, umpelekee pamoja na kaa. Mwambie nimepona.

Mama