Treni ya Baba Imekaa Siku Mbili

Jumamosi, kabla ya magharibi. Manyoni.

Leo upepo umeamka kabla yetu. Umevuma tangu alfajiri, vumbi limeingia mpaka kwenye kopo la sukari, na mama amefagia uani mara tatu kama anayebishana na mtu. Ni baridi ya mwezi wa saba, ile ya kukaa na sweta mpaka saa nne. Mimi baridi sikuisikia. Nimeshinda natokwa jasho mbele ya kompyuta.

Sasa nimetulia. Nimeshakunywa chai, nimekaa kwenye kigoda jikoni, na nataka kuyaandika yote kabla sijaanza kujipendelea.

Siku mbili nimemdanganya baba yangu.

Baba alikuwa gadi wa treni za mizigo. Kwa asiyejua reli, gadi ni yule anayekaa behewa la mwisho kabisa, na bendera zake, na taa yake, na daftari. Dereva anaendesha, gadi anaandika. Treni ikichelewa hata dakika tano, gadi anaandika imechelewa wapi na kwa nini. Kwa baba, kuchelewa hakukuwa kosa. Kosa lilikuwa kuchelewa bila sababu iliyoandikwa. Hata sisi watoto tukichelewa kutoka shule alitusimamisha mlangoni na kuuliza neno moja tu: "Sababu?" Na ukimjibu kwamba ulikuwa njiani tu, huingii ndani.

Mwaka jana kiharusi kilimpiga upande wa kulia. Mguu umerudi kiasi, anatembea na fimbo. Maneno yamerudi polepole, Kinyaturu kikatangulia, Kiswahili kikafuata nyuma. Mkono ndio uliokataa. Tulitoka hospitali na kimpira laini cha kuminya, mara hamsini asubuhi na mara hamsini jioni. Siku ya kwanza alikiminya. Siku ya pili alikiweka dirishani akasema yeye si mtoto wa kuchezea mpira, na hapo habari ya mazoezi ikaisha. Ukimjua baba utajua kwamba iliisha kweli.

Kilichomrudisha ni gemu.

Mwalimu mwenzangu, kabla hajahamishiwa Tabora, aliniwekea kwenye laptop gemu ya kuendesha treni. Mimi mwenyewe niliiona ya kuchosha: treni ya mizigo, reli ndefu yenye stesheni arobaini, unabonyeza kuongeza mwendo, unabonyeza breki, unapiga honi kwenye makutano, unasimama, unaendelea kesho yake pale ulipoishia. Nilimwonyesha baba kwa mzaha tu. Mzee huyu amekaa nyuma ya treni maisha yake yote akiwalaumu madereva kwa breki zao, na sasa nikawa namwambia akae mbele.

Akakaa. Na bila kuambiwa na mtu, akaweka mkono wa kulia kwenye vibonyezo.

Siku ile kidole kilibonyeza kikashindwa kunyanyuka. Treni ikapita stesheni tatu bila kusimama, na baba akacheka, mara ya kwanza tangu augue. Mama alitoka jikoni na mwiko mkononi kuja kuangalia nani anacheka. Tangu hapo ni kila siku saa kumi, akishaswali alasiri. Anavaa shati lililopigwa pasi, anakaa, anaendesha. Kidole sasa kinanyanyuka. Alikuwa amebakiza stesheni mbili, na alishamwambia mama kwamba akifika mwisho wa reli atajaribu kushika kalamu.

Ndiyo maana nilichofanya wiki hii kiliniuma namna hii.

Jumatano laptop iliganda katikati ya mtihani wa kidato cha nne niliokuwa nautunga. Haikuwa mara ya kwanza. Niliibeba jioni, baba akiwa ameshamaliza safari yake, nikaipeleka kwa fundi wa pale sokoni. Akaiangalia kidogo tu. "Madam, hii ni ya kupiga Windows upya. Kama una vitu vyako, vitoe kwanza." Nikatoa flashi, nikakopi mitihani, nikakopi picha za harusi ya mdogo wangu Rama, na gemu ya baba nikaikopi pia. Yaani niliichukua ile alama yake yenye kichwa cha treni pale kwenye uso wa kompyuta, nikaitia kwenye flashi. Ilichukua nukta moja. Nilishangaa kidogo kwamba reli nzima ya stesheni arobaini imepita upesi hivyo, nikasema labda ni bahati.

Mimi ni mwalimu wa Jiografia. Naandika hili bila kujitetea.

Alhamisi mchana nikaichukua laptop, nikachomeka flashi, nikabonyeza kichwa cha treni. Kompyuta ikanijibu kwa Kiingereza cha upole kwamba kitu ambacho alama hii inakielekeza hakipo. Ndipo nikakiona kile kimshale kidogo pembeni ya alama. Nilikuwa nimeng'oa kibao cha barabarani kilichoandikwa Itigi, nikakitia mfukoni, nikidhani nimebeba mji mzima wa Itigi.

Saa kumi baba akakaa. Nikamwambia laptop bado iko kwa fundi. Ilikuwa chini ya kitanda changu, nimeifunika na kanga.

Jana nikamwambia hivyohivyo. Hakuuliza. Alikaa na shati lake mbele ya meza tupu, akaitazama, halafu akauchukua mkono wa kulia kwa ule wa kushoto akauingiza mfukoni. Mama akamwita, "Baba Rama, njoo uote moto." Akaenda. Usiku sikula vizuri. Njia ya mwongo ni fupi, na yangu nilikuwa naiona mwisho wake.

Nilichoogopa hakikuwa kusemwa. Niliogopa kwamba mtu aliyekiweka kimpira dirishani baada ya siku moja, ukimwambia aanze reli upya kutoka stesheni ya kwanza, ataenda kuweka na treni dirishani.

Asubuhi ya leo nikampigia fundi. Akaniuliza kama gemu niliikopi yote. Nikasema nilikopi picha yake. Akakohoa, na mimi nafundisha wanafunzi mia, najua kikohozi cha kufunika kicheko. Lakini alinisaidia. Alisema gemu yenyewe inakaa mahali pake, na safari ya mchezaji inakaa mahali pengine, mara nyingi kwenye Documents, ndani ya folda yenye jina la mchezaji. "Tafuta jina la mchezaji, madam. Ukilipata, umeipata safari."

Documents ilikuwa tupu kama nyumba ambayo haijahamiwa. Nikaenda kwenye kile kisanduku cha kutafutia nikaandika Hamisi, ndilo jina la baba. Hakuna. Nikaandika Mzee Hamisi. Hakuna. Nikaandika Baba Rama.

Hapa lazima niseme kitu. Mtoto wa kwanza wa nyumba hii ni mimi. Mama aliitwa Mama Salma miaka mitatu mizima, mpaka Rama alipozaliwa. Alipozaliwa mtoto wa kiume, wenzake baba relini wakaanza kumwita Baba Rama, mtaa ukafuata, na mwisho mama mwenyewe. Mimi nikabaki Salma tu. Rama yuko Mbeya, anapiga simu sikukuu, ni mtu mzuri na simlaumu. Ila anayefunga vifungo vya lile shati kila siku ni mimi, na kuna siku wageni wakija wanasema "huyu ndiye Baba Rama" najikuta naenda kuosha vyombo ambavyo ni visafi.

Baba Rama: hakuna. Rama: picha za harusi tu. Ramadhani: hakuna.

Kumuuliza mwenyewe alijiandika nani lilikuwa jambo la dakika moja. Lakini kumuuliza ni kukiri.

Nikakaa naitazama kompyuta kwa hasira, na hasira ndiyo iliyonisaidia. Nilifungua kuangalia nafasi iliyobaki, nikaona ule mstari wa diski C ni mwekundu kama ulivyokuwa Jumatano. Nikasema, huyu fundi hajafanya kitu. Nikashika simu kwenda kumgombeza. Halafu nikaishusha. Kama kila kitu kimefutwa, hii nyumba imejaa nini?

Nikampigia kwa sauti nyingine. Akajibu kwa aibu kidogo. "Madam, nisamehe, siku ile sikufomati, yaani sikufuta kitu. Nilipiga juu kwa juu. Ile ya zamani imo humohumo, ina folda yake, inaitwa Windows.old. Nilisema ukirudi nitaifuta."

Nikamwambia asifute chochote milele.

Nikakaa vizuri. Folda ilikuwepo kweli. Ndani yake kompyuta yangu yote ya zamani imelala kama ilivyokuwa, na kwenye Program Files nikaikuta gemu, kubwa, nzito, na zile faili zake mia za majina yasiyotamkika. Hiyo ndiyo Itigi yenyewe. Nikaikokota nzima kwenda diski D. Ilichukua muda wa mama kusonga ugali na kuupakua. Nikaifungua. Honi ikapiga, nikaizima haraka maana baba alikuwa uani anaota jua.

Ikaniuliza: jina la mchezaji mpya?

Treni ipo, safari haipo. Nikarudi ndani ya Windows.old, safari hii bila kutafuta kwa majina, nikaingia kwa mkono, mlango kwa mlango. Users. Jina langu. Documents. Folda ya gemu. Ndani yake folda moja tu.

BABA SALLLMMA.

Nililisoma mara nne.

Nikakumbuka siku ya kwanza. Gemu iliuliza jina, nikaanza kumwandikia, akausukuma mkono wangu na kuniambia nikaangalie chai. Niliporudi alikuwa ameshaondoka stesheni. Tangu hapo tulikuwa tunabonyeza kuendelea tu, hakuna aliyeulizwa jina tena.

Halafu nikaangalia vibonyezo. B, A na S ziko kushoto, angeweza kuziandika kwa mkono mzima, na zimetoka moja moja, safi. L na M ziko kulia. L tatu, M mbili. Alichagua kuziandika kwa mkono ule usionyanyuka. Na angeweza kuandika Hamisi, au Rama, herufi nne, yakaisha.

Nimelia. Mama alipita akauliza kulikoni, nikasema vumbi, na kwa upepo wa leo aliniamini. Huo ni uongo wa tatu, nao nauandika.

Nikaihamisha folda mahali pake kwenye Documents mpya, nikafungua gemu tena. Treni ilikuwa imesimama pale pale, stesheni ya thelathini na nane, taa zinawaka, inasubiri.

Saa kumi nikaiweka laptop mezani. Baba akakaa. Mkono wa kulia aliuacha mfukoni kwanza. Alitazama treni, akanitazama mimi, akatafuta maneno kama anavyoyatafuta siku hizi.

"Treni imekaa siku mbili. Sababu?"

Nikamwambia yote nikiwa nimesimama mlangoni, mtu mzima wa miaka arobaini. Alama, flashi, kanga, chini ya kitanda. Nilitegemea anyamaze, maana kunyamaza kwake ndiko kukali. Akauliza nilitafuta kwa jina gani. Nikasema Hamisi. Nikasema Baba Rama.

Akacheka kwa upande mmoja wa mdomo.

"Relini, Baba Rama. Sawa." Akapumzika. "Hii treni ni yangu."

Kisha akautoa mkono mfukoni, akauweka kwenye vibonyezo, na bila kunitazama akasema, "Andika sababu."

Akaendesha. Alifika stesheni ya thelathini na tisa, akasimama mapema kidogo, behewa la mwisho likabaki nje ya jukwaa. Akaudhika sana. Alisema gadi atashukaje hapo, kwenye miba? Akasogeza treni mbele taratibu, kidole kinashuka, kinanyanyuka, kinashuka, mpaka gadi ambaye hayumo kwenye gemu akapata pa kushukia. Mama alikuja kuangalia, akamwita Baba Rama kama kawaida, na mimi leo sikuenda kuosha vyombo.

Imebaki stesheni moja. Kalamu nimeshaiweka mezani, upande wa kulia.

Na kwa kuwa nimeagizwa, naandika:

Treni ya mizigo, dereva Baba Salma. Imechelewa siku mbili. Sababu: binti wa dereva alitafuta kwa majina yote isipokuwa lake.