Mkono Uliofunua Kioo cha Adhuhuri

MAELEZO YA SHAHIDI

Jina: Hujulikana kwa jina la Pasi, binti wa Mshika Kioo mstaafu
Umri: Miaka thelathini na tisa
Kazi: Dobi wa Jumba la Kioo
Makazi: Nyuma ya Jumba, nyumbani kwa mama yake, chumba cha uani
Muda wa kuandikwa: Saa sita mchana. Jua halijasogea tangu tukio.

Mimi ndiye niliyetajwa hapo juu. Pasi ni jina la mtaani, kwa sababu ya kazi yangu. Wengine husema ni kwa sababu ya mdomo wangu, na hao nawajua. Nimekuja kituoni kwa miguu yangu, hakuna aliyenituma.

Mtuhumiwa mliyemfungia humo ndani ni wifi yangu, mke wa kaka yangu. Ndiye Mshika Kioo tangu mwaka jana. Kabla yake alikuwa mama yangu, na kabla ya mama alikuwa bibi. Kila mtu alijua baada ya mama ni mimi. Mama alipochoka alimwita mke wa kaka, akampa ufunguo mbele ya macho yangu, akasema, "Huyu ana mikono mitulivu." Mimi nikaachiwa nguo za kufua. Liandike hilo, afande, maana bila hilo haya mengine hayaeleweki.

Kioo hufunuliwa mara moja kwa mwaka, Siku ya Jua Refu. Kinameza adhuhuri moja, na mwanga huo ndio unaotuvusha miezi ya baridi. Siku nyingine zote kinakaa kimefunikwa. Hata kubadilisha nguo yake, ile safi hutandikwa juu kwanza, ndipo ile chafu ivutwe kwa chini, Kioo kisionane na jua. Kikionana nalo kabla ya siku yake, jua linasimama pale pale, na mkono uliofunua ndio pekee unaoweza kufunika. Mkono mwingine ukijaribu unaungua.

Mnamo tarehe tatu ya mwezi huu, siku mbili kabla ya Siku ya Jua Refu, nilikuwa chumba cha kufulia. Chumba hicho kina mlango unaotazama kwenye Kioo na dirisha linalotazama bomba la uani. Nilikuwa nachungulia mlangoni. Usiandike nilikuwa napita, nilikuwa nachungulia. Tangu apewe ule ufunguo sijamwondolea macho yule mwanamke. Nilikuwa nangoja akosee.

Mama alikuwa amekaa kwenye kigoda, wifi anamkanda miguu. Mama alivaa gauni lake la njano la sherehe, nikajua leo amechanganya siku tena. Siku hizi anachanganya. Wifi hakumsahihisha, alilisifia gauni. Mama akamwambia, "Mwanangu, una mikono mizuri." Mimi humkanda kila jioni na sijawahi kuambiwa hata asante. Huambiwa nambana.

Wifi akatoka kwenda bombani kumchotea maji ya kunywa. Nikahamia dirishani nisimpoteze. Alisuuza kikombe, akakisuuza tena, ndiyo kawaida yake ya kujipendekeza. Alikuwa bado amenipa mgongo pale bombani mwanga ulipojaa nyumba nzima. Niligeuka nikamwona mama amesimama mbele ya Kioo, nguo ya Kioo mkononi, mgongo umenyooka kama zamani, anaimba wimbo wa kulikaribisha jua. Sauti yake ilikuwa nzuri.

Wifi aliingia mbio. Alimtoa mama ile nguo mkononi taratibu, akamkalisha, akamwambia, "Mama, ulisinzia. Ulikuwa unaota." Walinzi walipofika walimkuta yeye ndiye ameishika. Akasema, "Ni mimi. Nilishindwa kungoja." Mimi nilikuwa nimesimama hapo na beseni langu. Aliniangalia, hakuniomba kitu.

Sitaficha, nilifurahi. Anayefunua kabla ya siku hutangazwa jina kwenye ngazi za Jumba na hakanyagi tena humo. Nikasema basi, ufunguo unarudi kwa mwenyewe. Nilirudi kupiga pasi huku naimba.

Mama akaja mlangoni analia. Akauliza, "Mwanangu wamempeleka wapi?" Nikamwambia, mimi hapa, mama. Akasema, "Siyo wewe."

Nikaiweka pasi chini. Wifi anajua vizuri kwamba akienda kufunika, mikono yake hiyo inayosifiwa itaungua mpaka kwenye viwiko. Anajua na amekubali. Mkimpeleka atahangaika pale mpaka kesho, na kesho yenyewe haiji. Halafu mama atamlilia yeye mpaka siku ya kuzikwa. Ufunguo amechukua, mama amemchukua, na sasa hata aibu ya mama anataka kuibeba yeye. Hapana, afande. Yule ni mama yangu mimi. Kama kuna wa kuungua kwa ajili yake, ilipaswa niwe mimi, na mimi nilikuwa nimesimama na beseni. Roho inaniuma kuliko siku ile ya ufunguo.

Mfungulieni. Aliyefunua ni mama. Nitampeleka mwenyewe, nitamshika mkono, atafunika akidhani sherehe imekwisha. Jina lake likitangazwa kwenye ngazi, naomba litangazwe kwa sauti ya chini, maana masikio yake bado ni mazima.

Niliyoyaona ni hayo, nimeyasema bila kushurutishwa na mtu.

Sahihi ya shahidi: Pasi

Maelezo haya nimeyaandika mimi, koplo wa zamu. Shahidi amesomewa, amekubali kwamba ni sahihi na hakutaka kufuta neno. Ameomba jambo moja tu, kwamba mtuhumiwa asiambiwe ni nani aliyemtetea.